Midomo Bila Sauti: Filamu za Habari za Kale na Maisha ya Watu wa Lancashire, 1897–1913

Katika mwaka 1994 mafundi waliokuwa wakiondoa vitu katika jengo kuukuu la barabara ya Northgate, mjini Blackburn, kaskazini ya Uingereza, walikuta katika chumba cha chini mapipa matatu ya chuma yenye vifuniko. Ndani yake mlikuwa na mikanda midogo ya filamu, zaidi ya 800 kwa hesabu. Jengo hilo lilikuwa zamani duka la vyombo vya kupigia picha la Sagar Mitchell, ambaye pamoja na mshirika wake James Kenyon alianza mwaka 1897 kutengeneza filamu fupi za mambo ya miji ya jirani na kuwauzia wenye maonyesho. Kufikia mwaka 1913 kazi hiyo ilikuwa imekwisha. Kenyon alifariki mwaka 1925 na Mitchell mwaka 1952, na mikanda ikabaki gizani. Ajabu yake si wingi tu. Mikanda hiyo ni ya asili, yaani ile ile iliyopita ndani ya kamera, wala si nakala zilizochakaa kwa kuonyeshwa mara nyingi. Kwa hiyo nyuso zilizomo ni safi kuliko zile tulizozoea kuziona katika filamu za zama zile. Mwaka 2000 ilikabidhiwa British Film Institute, ikasafishwa na kunakiliwa, nao wataalamu wa Chuo Kikuu cha Sheffield wakaitafutia majina na tarehe kwa kulinganisha picha na magazeti na matangazo ya wakati wake. Ikionyeshwa yote yachukua saa 28 hivi.

Nia ya makala haya si kueleza historia ya sinema, kazi ambayo wengine wameifanya vema. Nataka kuuliza swali la mtu wa lugha: je, picha za watu wanaosema, ambao sauti zao hatuzisikii, ni ushahidi wa namna gani juu ya maisha yao? Wengi wetu tungejibu upesi kwamba ni ushahidi wa mavazi na majengo, na kwamba lugha haimo kabisa. Jibu hilo naliona ni la haraka mno, nami nitajaribu kuonyesha sababu.

Msomaji wa Afrika Mashariki asidhani kwamba Lancashire ni nchi isiyomhusu. Mmojawapo wa miji mikubwa ya jimbo lile zama zile ulikuwa Manchester, na kanga nyingi zilizovaliwa pwani yetu zilipigwa chapa huko. Chama cha Waingereza cha kukuza kilimo cha pamba katika makoloni kiliundwa Manchester mwaka 1902, na kilimo cha pamba kilichoanzishwa Uganda katika miaka 1903 na 1904 kilikuwa na uhusiano wa moja kwa moja na njaa ya viwanda vile. Wafanyakazi tunaowaona wakitoka langoni walikuwa, kwa njia ya uzi, majirani wa babu zetu bila ya kujuana.

Filamu ya watu wanaotoka kiwandani ni kongwe kama sinema yenyewe. Ndugu wawili wa Lyon, Auguste na Louis Lumière, walipiga mwaka 1895 picha za wafanyakazi wao wenyewe wakitoka langoni, na filamu hiyo ilikuwamo katika onyesho la kulipia lililofanywa Paris tarehe 28 Desemba mwaka ule. Lakini kwa Mitchell na Kenyon lango la kiwanda lilikuwa na maana nyingine, nayo ni ya biashara. Mwenye maonyesho, ambaye aghalabu alikuwa mtu wa kuhamahama mwenye hema lake katika viwanja vya sikukuu, au aliyekodi ukumbi kwa juma moja, aliwaagiza mapema wapige picha za kiwanda cha mji atakaofikia. Picha zilipigwa mchana, zikasafishwa, na mara nyingine zikaonyeshwa usiku ule ule. Matangazo yaliwaita watu waje wajitazame. Kila uso ulioingia katika picha ulikuwa uso wa mtu aliyeweza kulipa senti zake pamoja na mkewe, watoto wake na jirani zake. Ndiyo sababu kamera iliwekwa pale ambapo njia ni nyembamba na umati hauna pa kupita ila mbele yake, na ndiyo sababu mtu mmoja aliyevaa vizuri huonekana mara kwa mara katikati ya watu, akipunga mkono na kuwasogeza kama mchungaji. Huyo si mpita njia, ni mwenye maonyesho, au wakala wake. Mmoja wao, A. D. Thomas, alipenda sana kuonekana, hata watafiti wamemzoea kama mtu wa nyumbani.

Basi wako wanahistoria wazipuuzao filamu hizi. Wasema si maisha ya kila siku, kwa kuwa watu wamejua wanapigwa picha. Wasema kwamba ngumi za mzaha tunazoziona zikirushwa mbele ya kamera zimepangwa, jambo ambalo mara nyingi ni kweli. Waongeza kwamba kampuni hii hii, wakati wa Vita vya Makaburu, ilitengeneza katika mashamba ya kandokando ya Blackburn filamu za mapigano ya Afrika ya Kusini, watu wa Lancashire wakiwa Makaburu na wengine wakiwa askari wa Malkia. Hoja hizi ni nzito, walakini mtaalamu wa lugha hazimshangazi. Nani kati yetu aliyepata kuandika maneno ya mtoa habari asiyejua kwamba yaandikwa? Kila mzee tuliyemwekea mashine ya kunasia sauti aliketi vizuri kwanza, akakohoa, akachagua maneno. Hatukutupa kazi hizo kwa sababu hiyo. Tulijifunza kutenga yale anayoyafanya mtu kwa ajili ya mashine na yale yanayomponyoka. Katika filamu za lango la kiwanda yanayoponyoka ni mengi, maana umati wa watu mia mbili hauwezi kupangwa wote na mtu mmoja mwenye kofia.

Kofia zenyewe zastahili neno. Karibu hakuna kichwa kitupu katika saa zote 28. Mwenye mali avaa kofia ndefu ya hariri, msimamizi avaa kofia ngumu ya duara, na mfanyakazi avaa chepeo cha kitambaa. Hata mtoto wa miaka 12 anacho chake, kipana kuliko kichwa. Wanawake wa viwandani hawavai kofia bali hujitanda shali kichwani na mabegani, ikafumbatwa kwa mkono chini ya kidevu. Wasichana wa dukani na wake wa makarani wana kofia zenye maua, na kwa hiyo mtu aliyesimama ng'ambo ya barabara aliweza kujua kazi ya mwanamke kabla hajamwona uso. Mswahili atalitambua jambo hili mara moja, kwa kuwa sisi nasi tunalo neno ushungi na twajua ni mambo mangapi yasomwayo katika namna ya kuutanda.

Watoto ni wengi. Sheria ya mwaka 1899 iliinua umri wa kuanza kazi kuwa miaka 12, na mtoto wa umri huo aliruhusiwa kufanya kazi nusu ya siku kiwandani na kusoma nusu ya pili shuleni. Sheria ya kuufuta utaratibu huo ilipitishwa mwaka 1918. Takwimu za watoto hao zimo katika ripoti za serikali, lakini ripoti hazionyeshi kwamba mtoto wa nusu siku alitembea kama mtu mzima, mikono mfukoni, mabega mbele, na kwamba alipoiona kamera alirudi kuwa mtoto kwa ghafula, akakimbia kuizunguka ili apigwe picha mara ya pili. Katika filamu kadhaa kichwa kile kile chapita mara tatu.

Miguuni wamevaa viatu vya ngozi vyenye soli za mbao zilizopigwa chuma chini. Neno letu lililo karibu ni mitalawanda, ijapokuwa mitalawanda yetu ni wazi juu, tena ya nyumbani. Kila aliyeandika kumbukumbu za miji ile ataja kelele za viatu hivyo alfajiri, mamia ya watu wakiteremka pamoja juu ya mawe ya barabara. Hiyo ndiyo sauti iliyokuwa kubwa kuliko zote siku ile kamera ilipofanya kazi, nayo haimo. Mtazamaji asiyeijua hudhani umati unapita kimya.

Kabla ya kuendelea yafaa kuondoa kosa moja ambalo limewapotosha wengi. Kamera za zama zile zilizungushwa kwa mkono, na kwa kawaida zilipiga picha kama 16 kwa nukta moja. Baadaye mashine za kuonyesha zilipowekwa kwenye picha 24 kwa nukta, mambo yaliyochukua nukta tatu yakaonyeshwa kwa nukta mbili. Ndipo dunia nzima ikaamini kwamba watu wa mwaka 1900 walitembea wakirukaruka kama vifaranga. Niliwahi kuwaonyesha wanafunzi filamu moja kwa mwendo wa kasi, kisha ile ile kwa mwendo wake wa haki. Mara ya kwanza walicheka, na mara ya pili walinyamaza, maana wale waliokuwa vikaragosi wamekuwa watu waliochoka kutoka kazini. Kwa mtafiti wa midomo na mikono mwendo si jambo dogo. Ishara ikiharakishwa yaharibika, kama vile neno liharibikavyo sahani ya gramafoni ikizungushwa upesi.

Sasa nifike kwenye midomo. Katika miji ya kufuma nguo, kama vile Blackburn na Burnley, jumba moja la kazi liliweza kuwa na mamia ya mitambo ya kufumia, kila mmoja ukirusha mwano wake kutoka upande hadi upande bila kupumzika. Makelele yake yaliwafanya wengi kuwa viziwi kabla ya uzee. Katika jumba hilo mtu hakuweza kumsikia aliyesimama karibu naye, hata akipiga ukelele. Kwa hiyo wafumaji, ambao wengi wao walikuwa wanawake, walifanya lugha yao kwa midomo. Waliyatamka maneno ya Kiingereza cha Lancashire bila kutoa sauti, wakiifungua na kuifumba midomo kwa kuzidisha, na kuyasaidia maneno kwa nyusi, vidole na mabega. Waliita kusema huko mee-maw. Msichana aliyeanza kazi alijifunza lugha hiyo pamoja na kufunga uzi uliokatika, na baada ya miezi michache aliweza kuzungumza na rafiki yake aliye upande wa pili wa jumba, mbali kuliko sauti ya kawaida ingefika hata mahali penye utulivu. Nje ya kiwanda waliendelea kuitumia, hasa kwa mambo yasiyofaa kutajwa kwa sauti: magonjwa ya wanawake, mimba, madeni, aibu za jirani.

Jambo hili, kwa maoni yangu, labadili kabisa namna ya kuzitazama filamu hizi. Tunasema filamu ni bubu, na kwamba imewanyang'anya watu hawa sauti zao. Lakini wengi wa watu hawa walikuwa wametoka punde mahali ambapo sauti haikuwa na kazi, na usemi wao wa saa kumi za siku ulikuwa usemi wa kuonekana. Kamera isiyo na sikio ilipowekwa mbele ya mfumaji wa Blackburn ilimkuta mtu aliyekwisha kuzoea kusema na macho ya watu. Kama iko jamii moja duniani ambayo chombo kile kibovu kiliweza kuikuta katika lugha yake, ni hii.

Lakini yatupasa kuwa waangalifu katika mambo mawili. La kwanza ni la mahali. Mee-maw ilikuwa mali ya majumba ya kufumia. Katika viwanda vya kusokota nyuzi, ambavyo vilikuwa vingi Oldham na Bolton, makelele yalikuwa ya namna nyingine na wanaume walikuwa na nafasi kubwa zaidi. Filamu ya wafanyakazi wa Alfred Butterworth na wanawe, Glebe Mills, Hollinwood, iliyopigwa mwaka 1901 na inayopendwa sana siku hizi kwa uzuri wake, ni ya upande wa Oldham. Asiyejua tofauti hiyo ataona mee-maw kila mdomo unapofunguka. Tena yako mengi ambayo yanafanana nayo: watu wakipigiwa ukelele na mwenye maonyesho hujibu kwa ukelele, na mdomo wa mtu apigaye ukelele hupanuka vile vile.

La pili ni la sauti zenyewe, na hapa elimu yetu ina la kusema. Midomo huonyesha sehemu tu ya matamshi. Mahali pa kutamkia panapokuwa nyuma, kama katika k na g, hapaonekani kabisa, na ghuna huzaliwa kooni ambako hakuna kamera ifikayo. Upumuo wa puani nao hauonekani. Msomaji ajaribu mbele ya kioo, bila kutoa sauti, maneno matatu ya Kiswahili: papa, baba, mama. Kwa jicho ni neno moja. Samaki mkubwa wa baharini, mzazi wa kiume na mzazi wa kike wote wametamkwa kwa midomo ile ile, wala hakuna mtaalamu duniani awezaye kuwatenga isipokuwa kwa yale yaliyotangulia na yale yanayofuata. Kiingereza kina mafungu kama haya mengi, na irabu zake ambazo hupigwa fupi katika usemi wa haraka huongeza taabu. Wafumaji walifaulu kwa kuwa walijuana, wakajua jambo linalozungumzwa, tena kila mmoja alikuwa akizidisha matamshi makusudi kwa ajili ya mwenziwe. Sisi hatuna hata moja katika hayo. Mtu akituambia kwamba ameyasoma mazungumzo mazima katika filamu ya mwaka 1901, na tumwombe atuonyeshe ni maneno gani mengine ambayo midomo ile ingeweza kuwa imeyasema. Neno moja moja, salamu, jina, tusi, hayo yawezekana. Mazungumzo, siamini.

Mikono ndiyo isemayo kwa uwazi zaidi, na mfano mmoja watosha kuonyesha thamani yake. Mwaka 1901 kampuni ilipiga picha za wafanyakazi wa kiwanda cha chuma cha Parkgate, karibu na Rotherham, katika jimbo la Yorkshire. Katikati ya watu wanaopita yuko mfanyakazi mmoja ambaye kuipenda kamera hakuipenda. Anaiinulia vidole viwili, cha shahada na cha kati, vimetanuka, nyuma ya mkono ikiielekea kamera. Ishara hiyo ni tusi linalojulikana na kila Mwingereza. Watu wamesimulia kwamba asili yake ni wapiga mishale wa vita vya mwaka 1415 vya Agincourt, hadithi tamu isiyo na uthibitisho. Filamu ya Parkgate ndiyo ushahidi wa kwanza ulio wazi kwamba ishara hiyo ilitumika na kwa maana hiyo. Tusi la mkono haliandikwi katika magazeti ya heshima wala halitiwi katika kamusi. Kama si mtu yule kukasirika kwa nukta moja, tarehe yake ya hakika ingekuwa ya baadaye sana.

Nitaje hapa jambo la nyumbani, kwa kuwa ndilo lililonivuta kwenye mikanda hii. Katika miaka ile ile, mwaka 1903, Carl Velten alipiga chapa huko Göttingen kitabu cha Desturi za Wasuaheli, ambacho sehemu yake kubwa ni kazi ya Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, aliyekuwa akifundisha Kiswahili mjini Berlin tangu mwaka 1900. Sote tumekitumia kitabu hicho. Humo mna mavazi, malezi, jando, ngoma, harusi na mazishi, kwa lugha ambayo mwenyeji aliichagua mwenyewe. Tuna maneno ya Bagamoyo bila nyuso, na tuna nyuso za Blackburn bila maneno. Kule Berlin, kuanzia mwaka 1900, sauti za watu wa nchi nyingi zilikuwa zikinaswa katika nta, bila nyuso na mara nyingi bila maelezo ya kutosha. Kila chombo kilikata kipande chake cha mtu na kuacha kilichobaki.

Hasara ya upande wetu ni kubwa kuliko tunavyokiri. Kiswahili kina maneno mengi ambayo hayatimii bila mwili. Mtu akisema kitu kilianguka pu, au nguo ni nyeupe pe, mkono na kidevu vina sehemu yao katika maana. Kusonya ni usemi kamili, nao hauna herufi. Mtoro alikuwa mwandishi hodari, lakini hakuwa na sababu ya kuandika jinsi mwanamke wa Bagamoyo alivyoinua bega alipomdharau mwenziwe, kwa kuwa kila msomaji aliyemfikiria alilijua. Kamera iliyofika Afrika Mashariki katika miaka ile nayo haikumtafuta mwanamke huyo. Cherry Kearton, Mwingereza aliyepiga filamu ya safari ya Theodore Roosevelt iliyoonyeshwa mwaka 1910, alikuja kwa ajili ya wanyama na kwa ajili ya Roosevelt. Wenyeji wanatokea wakicheza au wakibeba mizigo. Hapakuwa na mwenye maonyesho aliyetaka kuwauzia wapagazi tiketi ili wajitazame. Tofauti iliyopo kati ya filamu hizi mbili yatokana na swali hilo la nani atakayelipa mlangoni, kuliko kutokana na ufundi wa kamera.

Mwaka huo huo wa 1910 biashara ya sinema ilianza kubadilika, na lango la kiwanda likapoteza mvuto. Kampuni ya Pathé, ambayo ilikuwa imeanzisha Ufaransa gazeti lake la picha mwaka mmoja au miwili kabla, ilianza kutoa la Kiingereza mjini London. Gaumont nao wakafuata, na mwaka 1911 likaanza Topical Budget, ambalo liliendelea mpaka mwaka 1931. Magazeti haya ya picha yalitolewa mara mbili kwa juma, yakapelekwa nchi nzima. Mtu wa Glasgow hana haja ya kuona uso wa mfumaji wa Burnley. Akaonyeshwa mfalme, meli ikishushwa majini, mbio za farasi, askari wakipita. Mbele ya kila habari palitiwa maandishi mafupi, na katika maandishi hayo farasi hutajwa jina na umati huitwa umati.

Hata hivyo umati ulikuwapo pembeni mwa picha, na pembeni ndipo mtafiti apaswapo kuangalia. Tarehe 4 Juni 1913, katika mbio za Derby huko Epsom, wapiga picha wa habari walikuwa wameweka kamera zao kwenye pindo la Tattenham ili wawapate farasi wakipinda. Emily Davison, aliyekuwa katika harakati za wanawake za kudai kura, aliingia njiani akagongwa na Anmer, farasi wa Mfalme George wa Tano. Alifariki tarehe 8. Tendo lenyewe lachukua nukta chache, na limetazamwa tena na tena na wanaotaka kujua alikusudia nini. Mimi hutazama waliosimama kwenye ua. Wengi wao bado wanawafuata kwa macho farasi waliokwisha kupita. Mwanamke amelala chini, na kofia mamia zimegeukia upande wa pili, kwa sababu fedha zao ziko huko. Ni baada ya nukta kadhaa ndipo watu wanaanza kumiminika njiani. Hakuna mwandishi wa gazeti aliyeliona jambo hilo kuwa habari, na shahidi akiulizwa kesho yake angesema kwamba kila mtu alishtuka mara moja.

Kwamba twaweza kuona haya yote ni bahati. Filamu za zama zile zilikuwa za nitrati ya selulosi, kitu kinachowaka upesi na, kisipowaka, huoza kikawa unga. Gazeti la picha likiisha juma lake halikuwa na thamani. Mikanda ilitupwa, au iliyeyushwa ili fedha iliyomo itolewe. Huko Dawson, kaskazini ya Kanada, mikanda 533 ilifukuliwa mwaka 1978, nayo ilikuwa imetumiwa kujaza shimo la bwawa la kuogelea, ikahifadhiwa na ardhi ya barafu. Mna filamu za habari nyingi ambazo nakala nyingine hazipo. Mapipa ya Blackburn yalisalimika kwa kuwa chumba kilikuwa na baridi na hakuna aliyetaka nafasi.

Sauti ilipofika haikuleta yale ambayo mtu wa lugha angeyatarajia. Fox Movietone walianza gazeti la picha lenye sauti mwaka 1927, na Uingereza ikapata lake mwaka 1929. Muda si muda ikawa desturi kwamba picha hupigwa bila sauti kama zamani, kisha mtu mmoja katika chumba cha London huyasema maelezo juu yake kwa Kiingereza cha tabaka lake. Mfanyakazi wa Lancashire anafungua kinywa, na sauti itokayo ni ya bwana yule. Katika filamu za Mitchell na Kenyon nafasi ya sauti yake ilikuwa tupu. Sasa imekaliwa na mwingine.

Sisi nasi tulipata fungu letu. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Notcutt na Latham walisimamia majaribio ya filamu za kuwaelimisha Waafrika juu ya kilimo, afya na kuweka akiba. Zilipatikana filamu 35 hivi. Waigizaji walikuwa wenyeji, picha zilipigwa bila sauti, na maneno yakatiwa baadaye katika sahani za gramafoni, kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine za Afrika Mashariki na ya Kati. Filamu ilipohama nchi, sahani ilibadilishwa. Mtu yule yule, kwa midomo ile ile, alisema Kiswahili Tanganyika na lugha nyingine alipopelekwa kwingine. Na yale aliyoyasema mwenyewe mbele ya kamera, siku ile Vugiri, hayamo katika sahani yoyote.